Neno Nililolitia Sukari

Kwetu Malindi mtu haendi Makka hivi hivi. Kabla ya kufunga sanduku huzunguka kwa jamaa na majirani, na hata kwa wale asiowapenda, kutaka radhi. Mama yangu alianza mzunguko wake wiki mbili kabla ya safari. Alikwenda Mambrui kwa wifi yake, akaenda Tezo kwa ndugu zake, kisha akapanda bodaboda mpaka Barani kumtafuta mwanamke waliyegombana juu ya ndoo ya maji mimi sijazaliwa. Yule mwanamke hakumkumbuka kabisa. Mama akarudi ameudhika. "Nimeibeba dhambi yake umri wote huu, kumbe mwenyewe kashasahau!"

Nilicheka, lakini cheko langu halikufika mbali. Mimi nilikuwa na neno lake, na nilikuwa nalo tangu nina miaka kumi na moja. Bibi yangu mzaa baba alinituma nilipeleke kwa mama siku tatu kabla ya kufa kwake, nami nikapeleka jingine. Kwa ajili hiyo mama hakuingia chumbani kwa bibi, na bibi akafa akimngoja. Mama hakulijua hilo. Alichojua yeye ni kwamba mkwewe alikufa hamtaki. Sasa alikuwa akienda kusimama mbele ya nyumba ya Mungu na jambo hilo moyoni, na duniani alibaki mtu mmoja tu wa kumwondolea. Ila nikisema, atajua pia ni nani aliyemziba njia.

Nyumba yetu iko mji wa kale, nyembamba na ndefu, ya mawe. Mbele ni chumba cha bibi, dirisha lake linatazama njia. Nyuma kabisa ni jiko na ua. Katikati pana ukumbi wenye giza mchana kutwa, na ukumbi huo ndio niliolelewa ndani yake, maana maisha yangu ya utoto yalikuwa kwenda na kurudi.

Mama ni Mgiriama wa Tezo, binti wa wakulima wa mahindi na mihogo. Baba alikuwa fundi wa mafriji. Alimwona mama siku aliyokwenda kutengeneza friji ya duka kule, na kwa alivyosimulia mwenyewe, friji ile ilimchukua siku nne na haikuwa na ubaya wowote. Mama akasilimu, wakaoana. Bibi alikuwa mtu wa mji, na ukoo wake aliweza kukutajia mpaka ukasinzia. Hakusema hapana. Alisema, "Haya," basi, na neno hilo likakaa nyumbani kwetu kama mgeni asiyetaka kuondoka.

Yaliyotokea nilipokuwa na miaka minne siyakumbuki, nimesimuliwa na shangazi. Yeye ndiye aliyekuwa akiolewa siku hiyo. Nyumba ilijaa wanawake, wageni wametoka Lamu na Mombasa, udi unafuka, na mama anapita na sinia la sambusa. Mgeni mmoja akamuuliza bibi, "Na huyu nani, mzuri hivi?" Bibi akajibu bila hata kugeuza kichwa, "Huyo? Msaidizi wetu, katoka Tezo."

Mama alisikia. Shangazi anasema aliliweka sinia chini taratibu, akalipangusa ukingo kwa kanga, akaondoka kwenda jikoni. Hakulia wala hakupiga kelele. Lakini tangu siku ile hakumwambia bibi neno hata moja, si salamu, si kwaheri, miaka saba chini ya paa moja. Na bibi, ambaye angeweza kulimaliza jambo lile kwa maneno mawili, hakuyasema.

Nikilifikiria leo hasira hunipanda upya. Msaidizi! Mke wa mwanao, mama wa wajukuu zako, anayekupikia asubuhi na jioni! Ningekuwa mkubwa siku ile ningelipindua lile sinia, wallahi, sambusa zikatapakaa mpaka mlangoni. Kisha huikumbuka miguu ya bibi, na hasira huniishia njiani. Hilo nalo huniudhi.

Usidhani kulikuwa na ugomvi. Mgeni angeingia kwetu angesema nyumba hii imetulia jamani. Chakula kilipikwa kwa wakati, nguo zilifuliwa, Idi tulivaa mapya. Hakuna aliyelitaja sinia wala harusi. Baba alijua, na baba alikuwa na dawa moja tu ya mambo ya nyumbani, nayo ni kazi. Mahoteli ya Watamu, mahoteli ya Kikambala, mafriji ya watu hayaishi kuharibika. Akirudi Alhamisi alikula mara mbili, kidogo jikoni kwa mkewe, kidogo chumbani kwa mama yake, akisifu kote kote. Tumbo lilimtoka kwa kutafuta amani.

Kwa hiyo nikabaki mimi. Ndugu yangu alikuwa mchanga bado, na mimi nilikuwa na miguu na ulimi.

"We mtoto! Hebu mwambie huyo wa jikoni chai yake ni maji ya kusuuzia vikombe."

Nitaupita ukumbi, na nikifika jikoni neno limeshageuka. "Mama, bibi anasema chai nzuri, ila ukimtilia majani kidogo zaidi atashukuru."

Mama hakuinua uso. "Mwambie majani yako dukani, na mlango anaujua."

Nitaupita tena ukumbi. "Bibi, mama anasema samahani. Kesho atatia mengi."

Bibi ataguna. Mama naye ataguna kule kwake. Kesho yake chai itakuwa nzito kidogo, na hakuna atakayejua kwa nini.

Hakuna aliyenifundisha. Nilianza kwa woga, kwa sababu niliamini siku wakisikiana walivyosema kweli nyumba itaporomoka, na baba hatarudi tena Alhamisi. Kisha woga ukaisha, ikabaki raha. Nilikuwa bingwa. Tusi likitoka mbele, likifika nyuma limevaa kanzu na kofia. Niliongeza tafadhali, niliongeza mwanangu, nilimwongeza Mungu. Usiku nikilala najihesabia niliyoyaokoa, nikijisifu kama mtu mzima.

Siku moja baba alileta changu wanono kutoka pwani ya Watamu, na mama akawapika wa kupaka, nazi nzito, ukwaju, harufu mpaka njiani. Nikampelekea bibi wake. Akaonja, akasema anasikia moshi mtupu, akamrusha samaki mzima dirishani. Mimi nikarudi jikoni nikasema, "Mama, bibi anasema Mungu aibariki mikono yako. Hajala samaki kama huyu tangu azaliwe."

Kumbe mama alikuwa ametoka kwa mlango wa nyuma kumwaga maji, akazunguka mpaka upande wa njia. Paka wa mtaa mzima walikuwa chini ya dirisha la bibi wakimpigania samaki.

Akaniambia alichokiona. Nilijua nimekwisha. Lakini hakunipiga. Alianza kucheka, akacheka mpaka akashika ukuta, machozi yakamtoka. "Alaa! Kumbe siku zote hizi nazungumza na wewe!"

Halafu cheko likakatika. Akakaa juu ya kibao cha mbuzi ya nazi, akauliza kwa sauti ndogo kama amenisemea sikioni, "Hata ile siku aliyosema nipumzike, nisiamke kupika daku, kwa sababu nina homa?"

Nikainama nikaokota kifuu cha nazi.

"Nilifurahi siku ile," mama akasema.

Tangu hapo, kila nikimletea neno kutoka mbele aliniuliza kitu kimoja: "Lake au lako?" Nikisema lake, huniangalia machoni mpaka nigeuke. Mara nyingi alinikamata. Sikuacha, hilo lazima nilikiri. Nilipunguza kidogo tu.

Mama alikuwa na jambo moja ambalo mji mzima ulilijua, nalo ni mikono yake. Alijifunza kukanda kwa mama yake, hawe wetu wa Tezo, ambaye akikushika bega unasinzia hujamaliza kumwamkia. Wanawake walikuja uani kwetu, waliojifungua, waliopinda mgongo kwa kubeba maji, wenye shingo zisizogeuka. Mama hupasha mafuta ya nazi kwa mkono, akawakanda mkekani. Unawasikia wakisema, "Yarabi! Hapo! Hapo hapo!" Sauti zile zilipita ukumbini mpaka chumba cha mbele, ambako bibi amelala na miguu iliyovimba, na ukuta hauzuii kitu.

Miguu ya bibi ilianza kuvimba nikiwa na miaka tisa. Ukibonyeza kidole hubakia shimo. Daktari alimpa vidonge, shangazi alikuja Jumapili kutoka Mambrui kumpaka mafuta, lakini shangazi mikono yake ni ya haraka, anapaka kama mtu anayefuta meza. Bibi hulalamika mpaka shangazi apate hasira aondoke. Mara kadhaa, mama akikanda mtu uani, nilimkuta bibi ameketi kitandani amegeukia ukutani, anasikiliza. Akiniona huniuliza, "Nani leo?" Nikimtajia, husema, "Huyo hana maradhi, anataka kudeka tu."

Siku yenyewe ilikuwa Jumatatu, baada ya alasiri. Nilitoka chuo cha Kurani, juzuu iko kwapani. Bibi akaniita, na sauti haikuwa ile ya kila siku. Alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda. Soksi alizivua mwenyewe, ameziweka kando, na kichupa cha mafuta kiko juu ya kigoda. Alinitazama kwa ukali kana kwamba mimi ndiye niliyemkosea.

"Mwambie yule mwanamke aje anikande miguu. Simtaki mwingine."

Hayo tu. Hakuna tafadhali, hakuna mwanangu. Nikatoka.

Katikati ya ukumbi nikasimama. Naikumbuka baridi ya sakafu nyayoni. Nilikuwa na miaka kumi na moja, na harusi ya shangazi nilikuwa nimeshasimuliwa. Nilichosikia mimi ni bi mkubwa anamwita msaidizi wake aje amshike miguu. Nikaliona jibu la mama likija na moto wake, nikaona mwisho wa nyumba. Nikasema moyoni, hili siwezi kulipeleka hivi. Nikalitia sukari, na safari hii nikalitia kilo nzima.

Mama alikuwa akichambua mchicha. Nikamwambia, "Mama, bibi analia. Anasema umsamehe kwa yote aliyokutenda. Anakuomba uje umwone."

Mkono wake ukasimama. Kwa kitambo kidogo niliona uso wake ukifunguka, sijapata kuuona hivyo, ukawa uso wa msichana. Kisha akanitazama. "Lake au lako?"

"Lake."

"Anasema nimsamehe?"

"Ndiyo, mama."

Uso ukafungika. "Bibi yako? Nimsamehe?" Akarudi kwenye mchicha wake, anaukata kwa nguvu. "Hilo lako, mwanangu. Hilo hata halifanani naye. Na usinichezee tena kwa jambo hili, umenisikia? Mengine yote cheza, hili usilicheze."

Pale pale ningeweza kusema. Ningesema, hakusema hivyo mama, amesema uende umkande. Maneno yalikuwa hapa kooni. Lakini ningekuwa nimekiri uongo mbele ya mtu ambaye sekunde moja nyuma ameniambia nisimchezee, na niliona aibu, na niliogopa. Basi nikarudi chumba cha mbele.

"Kasemaje?" bibi akauliza.

"Anakuja, bibi. Ana kazi kidogo jikoni."

Bibi akaitikia kwa kichwa. Hakuvaa soksi.

Jumanne aliniuliza tena. "Kasemaje?" Anakuja, bibi, leo kuna wageni. Miguu iko wazi nje ya shuka, kichupa kiko kigodani. Jumatano alikuwa hawezi kukaa, lakini alisikia nyayo zangu ukumbini, akauliza akiwa amefumba macho. Nikasema anakuja, bibi. Akasema, "Haya." Alhamisi asubuhi, wakati baba yuko njiani anarudi kutoka Kikambala, bibi alifariki, miguu nje ya shuka.

Wanawake walipokuja kuosha maiti, shangazi alitoka mpaka jikoni. Alikuwa amelia mpaka sauti imekatika. Akamwambia mama, "Njoo utusaidie. Njoo umshike miguu."

Mama alisimama kwenye mlango wa chumba kile, ambao hakuwahi kuuvuka kwa miaka saba. Mimi nilikuwa nyuma yake, nimeshika kanga yake. Akasema mbele ya wanawake wote, "Hakutaka nimguse akiwa hai. Sitaigusa miguu yake akiwa maiti." Akaweka ndoo ya maji kizingitini, akageuka.

Watu walilisema neno lile mji mzima, wakamwita ana moyo wa jiwe. Na mimi niliyekuwa na ufunguo wa jambo lenyewe nilikwenda nikajificha chooni.

Tangu hapo sijapata kuwa peke yangu saa ile ya baada ya alasiri. Sasa naishi Kilifi, nafundisha darasa la nne, nina nyumba yangu na watu wangu. Watoto wakishatoka, darasa likabaki na chaki na viti, husikia mtu akiuliza nyuma yangu, "Kasemaje?" Si sauti ya kutisha. Ni sauti ya mtu aliyechoka anayetaka kujua tu. Mara ya kwanza niligeuka. Siku hizi sigeuki, naendelea kusahihisha madaftari. Nimesoma dua, nimetoa sadaka, nimekwenda kaburini nikasema niliyoyasema. Bado anauliza.

Na sikuwa peke yangu. Chumba cha bibi mama hakukitumia kamwe, hata baba alipokufa na nyumba kubakia kubwa. Alikifagia kila Ijumaa, akafungua dirisha, akatoka. Mwaka jana nilikuwa nimekuja kumwona, tumeketi uani mchana, anapeta mchele. Ghafla akainua kichwa akasema, "Nakuja!"

Nikamuuliza, "Unamwambia nani?"

"Si wewe uliyeniita?"

"Mimi niko hapa mbele yako, mama."

Akatazama upande wa ukumbi. Kisha akarudi kwenye ungo wake, akasema uzee huo, masikio yameanza kucheza.

Basi Jumatatu ya wiki ya safari nikaomba ruhusa shuleni nikaja Malindi. Nilimkuta ukumbini anashona mfuko ndani ya gauni, wa kutilia pasipoti. Macho hayaoni tundu la sindano, kwa hiyo nikamtungia uzi. Akaniambia amemaliza watu wote. "Amebaki mmoja, na huyo siwezi kumfikia," akasema. "Nimemsamehe bibi yako, Mungu shahidi. Lile la harusi nimelisamehe. Linalonishinda ni jingine. Miaka saba nimempikia, na hakunitaka hata siku ya mwisho. Sijui nilikuwa na uchafu gani."

Hapo nikashindwa. Nikasema, "Mama, alikuita."

Akaendelea kushona. "Usianze."

"Alikuita, mama. Ile Jumatatu. Mimi nililigeuza neno. Hakuwa analia, wala hakusema umsamehe, hayo niliyatunga mimi. Alisema uje umkande miguu. Simtaki mwingine, alisema hivyo."

Sindano ikasimama. Nje mtu alipita na mkokoteni wa maji, magurudumu yakalia mpaka yakapotea.

"Alisemaje?" akauliza. "Neno kwa neno."

"Aje anikande miguu. Simtaki mwingine."

"Aje nani? Alisema mkaza mwanangu?"

Nilimtazama mama yangu. Miaka sitini na kitu, miwani imeteremka puani, amekaa akingoja neno moja. Ningeweza kumpa. Ee Mungu, lilikuwa rahisi, na nani angenikatalia? Lilikuwa limeshafika kwenye ulimi.

"Hapana, mama. Alisema yule mwanamke."

Akafumba macho. "Basi ni yeye," akasema. "Ni yeye kweli."

Akalia kilio ambacho sikukisikia hata siku aliyokufa baba. Nilitaka kumshika, akanizuia kwa mkono. Alipopata sauti alisema, "Angeniomba msamaha nisingekwenda, ningejua ni wewe. Lakini kumwita mtu kwa ajili ya mikono yake... Alisikia wanawake wa watu wakipona kwangu miaka yote, akang'ata meno ng'ambo ya ukuta. Yule kusema simtaki mwingine! Ningekwenda mbio. Ningekwenda na mafuta yangu mwenyewe."

"Nilidhani angekukasirisha. Nilidhani amekuita kama msaidizi."

"Ningekasirika, ndiyo. Ningekasirika huku nakwenda." Akafuta uso kwa gauni la safari. "Alingoja siku ngapi?"

"Tatu."

"Nawe ulimwambia nini?"

"Nilimwambia unakuja."

Akanitazama kwa muda mrefu. Sikugeuka safari hii. Akasema polepole, "Naye akafa anajua nimekataa. Tena mimi nikasimama pale mlangoni, mbele za watu, nikasema sitaigusa." Akaigeuza mikono yake akaitazama kwa ndani.

Nikapiga magoti sakafuni. Nikamwambia, "Nipe radhi, mama. Nilikuwa mtoto." Nililia bila haya, mwalimu mzima, kamasi zinanitoka.

Aliweka mkono kichwani kwangu. Ulikuwa na uzito ule ule wa zamani, nikajua nimeshasamehewa. Kisha akauondoa.

"Zile siku tatu ulikuwa mtoto," akasema. "Hizo nimekusamehe, tena kwa moyo mweupe. Lakini una miaka arobaini. Miaka ishirini na tisa nimefagia chumba kile nikijiuliza nina ubaya gani, nawe ulikuwa ukija Idi zote mbili unakula, unacheka, unarudi kwako. Hiyo sijaisamehe. Nitakwenda nayo nikaiombee nguvu. Sitaki nikwambie neno zuri sasa hivi na liwe si la kweli."

Liliniuma, wallahi, liliniuma kuliko kofi. Maneno ya kumlainisha yalikuwa yamenijaa mdomoni, ya kumfanya ageuke, ya kumfanya acheke hata. Hiyo ndiyo kazi niliyokuwa bingwa wake. Nikayameza yote.

"Sawa, mama," nikasema.